Hesabu iliyonifanya nimsingizie mtoto wa kaka yangu

Nilipata F ya Hisabati kidato cha nne, na kwa miaka mingi F hiyo nimeitumia kama kinga. Mtoto akinijia na daftari, namwambia, "Msubiri baba yako." Baba yake akichelewa, nasema, "Muulize mwalimu kesho." Mimi ni fundi cherehani hapa Maili Moja, Kibaha. Nilijiambia kwamba kazi yangu ni vitambaa, namba wanazo wenyewe.

Jumanne moja usiku binti yangu wa darasa la tano aliniletea swali moja tu. Mtu ana mashati 4 na suruali 3. Anaweza kuvaa kwa namna ngapi tofauti? Alikuwa ameshaanza kuchora mashati kwenye ukurasa wa nyuma wa daftari, moja moja, na vifungo vyake. Mimi nilikuwa na sare za harusi za kumaliza, nikataka akalale.

"Nne na tatu ni saba," nikamwambia. "Andika saba, ukalale."

Kesho yake alirudi na alama ya kosa kwa kalamu nyekundu. Hakulalamika wala hakulia. Alisema tu, "Mama, ulisema saba." Mzazi mwenzangu, maneno hayo matatu yaliniuma kuliko ile F.

Saba au kumi na mbili?

Jioni hiyo nilizima cherehani. Tukatoa kabatini mashati manne ya baba yake na suruali tatu, tukazipanga kitandani. Tukachukua shati jeupe, tukaliweka juu ya suruali ya kwanza, kisha ya pili, kisha ya tatu. Namna tatu. Tukachukua shati la bluu, tukafanya vilevile. Tatu nyingine. Tulipofika shati la tatu binti akasimama.

"Mama, basi. Kila shati lina suruali tatu. Ni tatu mara nne."

Kumi na mbili. Tukahesabu na zile zilizobaki ili kuhakikisha, ikawa kumi na mbili kweli.

Neno lililotuokoa ni "kila". Mtoto akishaweza kusema kwa mdomo wake "kila shati linakutana na suruali tatu", kuzidisha kumeshaingia kichwani, hata kama tebo bado zinamsumbua. Na ile saba yangu haikuwa namba ya kijinga. Ilikuwa jibu la swali lingine. Ningemwambia achague nguo moja tu ya kupiga pasi, shati au suruali, angekuwa na nguo saba za kuchagua. Panapokuwa na "au", tunajumlisha. Anapotakiwa kuchagua shati, kisha achague na suruali ya kulivalia, tunazidisha.

Usiku huo nikakumbuka wateja wangu. Mteja akija, namwonyesha vitenge vitano, mishono mitatu ya shingo na aina mbili za mikono. Nilikuwa nasema "dada, hapa una chaguo kibao" bila kujua ni ngapi. Sasa nikapiga: 5 mara 3 mara 2, ni magauni 30 tofauti kutoka kwenye meza ile ile. Miaka kumi na moja nimeifanya kazi hiyo nikidhani Hisabati ni ya watu wengine.

Nikajiona nimeshaijua. Hapo ndipo lilipoanzia kosa langu la pili, na hilo halikuwa la kufutwa kwa raba.

Simu kutoka Kisarawe

Ijumaa mama yangu alinipigia kwa namba ya jirani. Simu yake ilikuwa imeibwa ndani ya daladala lililojaa, pamoja na kipochi alichoiwekea. Hadi alipofika nyumbani na kupata mtu wa kumsaidia kufunga laini, hela zote zilizokuwa kwenye simu zilikuwa zimeshatolewa. Shilingi 640,000.

Kama zingekuwa zake, angesema "Mungu atalipa" akaendelea na mihogo yake. Lakini mama ni mhazini wa kikoba cha wanawake kumi na wawili. Zilikuwa hela za wenzake, na siku ya kugawana ilikuwa imebaki wiki tatu.

Jumamosi nikaondoka na binti yangu. Kibaha na Kisarawe zote ziko mkoa wa Pwani, lakini sisi wa Maili Moja tukitaka kufika Kisarawe mjini kwa daladala, tunaingia kwanza Dar es Salaam halafu tunatoka tena. Tunateremka Mbezi, tunatafuta gari la Gongo la Mboto, kisha tunapanda kilima cha Pugu kwenda Kisarawe.

Njiani binti akawa anahesabu kila kitu. Kutoka Kibaha hadi Mbezi kuna daladala, au basi la mkoani lenye nafasi: mbili. Kutoka Mbezi hadi Gongo la Mboto unaweza kupitia Malamba Mawili na Kinyerezi, au uzunguke Ubungo na Buguruni: mbili. Kutoka Gongo la Mboto hadi Kisarawe kuna daladala, bajaji au bodaboda: tatu. "Mbili mara mbili mara tatu," akasema. "Mama, tuna safari kumi na mbili!" Nikamwambia kwamba kwa hela iliyokuwa mkobani tulikuwa na safari moja.

Kwenye foleni akahamia kwenye vibao vya namba za magari. Herufi T, tarakimu tatu, herufi tatu. Akataka kujua kama kuna siku namba zitakwisha. Tukatumia kikokotoo cha simu. Tarakimu tatu, kila moja ikiwa na nafasi 10, ni 10 mara 10 mara 10, yaani 1,000. Herufi tatu, kila moja ikichaguliwa kati ya 26 za Kiingereza, ni 17,576. Ukizidisha hizo mbili unapata 17,576,000.

"Kama zote zinaruhusiwa," binti akasema.

Hiyo "kama" niliisikia kwa sikio moja ikatokea kwa lingine. Nilikuwa nashangaa jinsi vitu sita tu vinavyoweza kuzaa mamilioni.

Elfu kumi niliyoitumia vibaya

Mama anaishi na kijana wa kaka yangu, yuko kidato cha tatu. Kaka anafanya kazi mbali, na kijana ndiye anayemchotea bibi yake maji, kumpalilia shamba na kumsaidia kutuma hela kwa simu. Kwa hiyo namba ya siri ya bibi alikuwa anaijua. Mama kwa utani humwita "mume wangu", kama bibi wengi wa huku Pwani wanavyowaita wajukuu wao wa kiume.

Majirani walikuwa wameshaanza kumtazama kwa pembe ya jicho. Mama peke yake hakutaka kumtaja. Alisema, "Huyu nimemlea mwenyewe."

Aliyemtaja ni mimi. Tena kwa kalamu na karatasi.

Nilikaa kibarazani nikamwonyesha mama hesabu yangu mpya. Namba ya siri ina tarakimu nne. Nafasi ya kwanza inaweza kukaa tarakimu yoyote kuanzia 0 hadi 9, yaani 10. Ya pili 10, ya tatu 10, ya nne 10. Nikaandika kwa herufi kubwa: 10 × 10 × 10 × 10 = 10,000.

"Mama, mwizi wa daladala hawezi kukisia namba moja katika elfu kumi. Na akikosea mara chache tu huduma inajifunga. Aliyetoa hizi hela alikuwa anaijua namba. Wanaoijua ni wewe na mtu mmoja mwingine."

Sikujua kwamba kijana alikuwa amesimama nyuma yangu na ndoo ya maji. Aliitua taratibu bila kumwaga hata tone. Akasema, "Sawa, shangazi." Akatoka. Usiku ule hakurudi kulala.

Mama hakunijibu. Aliikunja ile karatasi akaiweka chini ya mkeka.

Doti ni doti

Asubuhi ya Jumapili mama alifungua sanduku lake la khanga. Nilidhani anazianika. Kumbe alikuwa anachagua za kuuza ili aanze kurudisha hela za wenzake. Alikuwa na doti tano ambazo hazijawahi kuvaliwa, nyingine nilimnunulia mimi mwenyewe sikukuu zilizopita.

Binti yangu, ambaye wiki ile alikuwa haachi kitu bila kukihesabu, akazitandaza. Doti moja ina vipande viwili. "Bibi, kipande cha kiunoni una chaguo tano. Cha kujitanda una chaguo tano. Tano mara tano, unaweza kutoka kwa namna ishirini na tano!"

Mama akacheka kwa mara ya kwanza tangu tufike. "Mke mwenzangu, unataka watu wanicheke msibani? Mimi sichanganyi. Doti ni doti. Nikishavaa hii chini, ya juu imeshajichagua yenyewe."

Binti akafikiri kidogo. "Basi ya pili ni moja tu. Tano mara moja. Tano."

"Tano, ndiyo," mama akasema. "Ishirini na tano ningekuwa tajiri."

Binti akawa anakunja khanga, halafu akauliza kama anayeuliza bei ya karanga: "Bibi, ile namba yako ya siri ya zamani ilikuwa ngapi?"

Laini ilikuwa imeshafungwa, mama hakuona sababu ya kuficha. "Mwaka wangu wa kuzaliwa. 1954. Kichwa hiki kitakumbuka nini kingine?"

Nilibaki nimeshika khanga mkononi. Karatasi yangu ilikuwa chini ya mkeka, mita moja kutoka nilipokaa, na tayari nilijua imekosewa.

Nilikuwa nimezidisha kana kwamba kila tarakimu ilikuwa huru. Haikuwa huru hata kidogo. Mzee yeyote anayetumia mwaka wake wa kuzaliwa, tarakimu ya kwanza ni 1 na ya pili ni 9. Hizo zimeshajichagua, kama kipande cha juu cha doti. Kwa hiyo si 10 mara 10 mara 10 mara 10. Ni 1 mara 1 mara 10 mara 10, yaani 100 tu. Na mwizi aliyemwona mama usoni hahitaji hata hizo 100. Anajua huyu bibi si wa 1990. Ataanzia miaka ya hamsini.

Kisha nikauliza swali nililopaswa kuuliza tangu Ijumaa. "Mama, kwenye kile kipochi kulikuwa na nini kingine?"

"Kitambulisho," akasema. "Kile cha Taifa."

Ukikitoa chako sasa hivi utaona. Namba ya Kitambulisho cha Taifa ina tarakimu 20, na nane za mwanzo ni tarehe ya kuzaliwa: mwaka, mwezi, siku. Nne za mwanzo kabisa ni mwaka. Mwizi alichukua kipochi kimoja chenye simu ndani na namba ya siri ikiwa imechapishwa pembeni yake. Hesabu ya kweli ilikuwa 1 × 1 × 1 × 1.

Kuomba radhi

Nilimfuata kijana kwa rafiki yake upande wa Minaki. Nilikuwa nimepanga maneno mengi njiani, nikasahau yote. Nikamwambia, "Nilikosea hesabu, na nilikukosea wewe. Nisamehe."

Alikaa kimya muda mrefu. Kisha akasema, "Bibi hakunisema, shangazi. Wewe ndiye uliyeandika."

Sikuwa na la kujibu, kwa sababu ni kweli. Neno la mdomoni majirani wangelisahau. Mimi nilikuwa nimelipa nguvu ya namba, na namba ikitamkwa watu huacha kuuliza maswali.

Niseme wazi hapa. Hesabu ile ya pili haikutuambia nani aliyeiba. Hadi leo hatujui, na hela hazijarudi. Wale wanawake wa kikoba walikaa kikao, wakakubali mama alipe kidogo kidogo, na mimi namsaidia kwa hela za mishono. Kilichobadilika ni kimoja: ushahidi niliokuwa nimeushika dhidi ya mtoto wa ndugu yangu haukuwa ushahidi.

Tufanye nini nyumbani

Mzazi unayesoma haya kwenye simu, labda na wewe una F yako mahali. Haya ndiyo tunayoyafanya sisi sasa.

Mtoto akianza kwa kuchora au kuorodhesha, mwache. Binti yangu alikuwa kwenye njia sahihi na mashati yake yenye vifungo. Mimi ndiye niliyemtoa. Orodha ndiyo inayomwonyesha kwamba kila shati linarudia suruali zile zile, na kuzidisha kunazaliwa hapo.

Mwulize kwanza: ni "au", ama ni hiki kisha kile? Swali hilo moja linatenganisha saba na kumi na mbili.

Mwulize pili: chaguo la kwanza linabana chaguo la pili? Wakati mwingine halibani, kama mashati na suruali. Wakati mwingine linabana kidogo. Watoto watatu wakipanga foleni bombani, wa kwanza anaweza kuwa yeyote kati ya watatu, wa pili yeyote kati ya wawili waliobaki, na wa mwisho hana wa kushindana naye: 3 mara 2 mara 1, ni foleni 6. Na wakati mwingine linabana kabisa, kama doti. Kuzidisha kunahesabu kile kilicho huru, na kilichofungwa kinahesabiwa kuwa moja.

Namba ya siri nayo ichunguzwe kwa swali hilo hilo. Kama ni mwaka wako au wa mtoto wako, 1234, au tarakimu moja iliyorudiwa mara nne, huna namba elfu kumi. Una chache sana, na mwizi anazijua. Ukiamua tu kwamba tarakimu zako nne zisijirudie, bado zinabaki 10 × 9 × 8 × 7, yaani 5,040, ilimradi usizichague kwa mazoea. Kitambulisho usikiweke pamoja na simu. Simu ikipotea, jambo la kwanza ni kuazima ya mtu yeyote na kufunga laini, kabla ya kuanza kusimulia.

Kwa laini mpya ya mama tulitumia vizibo vya soda. Binti aliandika 0 hadi 9 kwenye vizibo kumi, akavitia kwenye kikombe. Mama alichota kimoja, akakitazama peke yake, akakirudisha, akatikisa, akachota tena, hadi mara nne. Kila mara vizibo vilikuwa kumi, kwa hiyo safari hii ni elfu kumi za kweli. Mama alijifunza kusoma kwenye madarasa ya elimu ya watu wazima miaka ya 1970, na akasema kama wakati ule aliweza kukariri silabi zote zile, tarakimu nne hazitamshinda. Ameshazikariri. Amekataa kumwambia mtu, hata kijana, na kijana mwenyewe ndiye aliyemwomba asimwambie.

Jioni tulipokuwa tunaondoka tulitaka kupiga picha kwenye benchi la uani: mama, mimi, binti na kijana. Binti akatangaza kwamba watu wanne tunaweza kukaa kwa namna 24, yaani 4 mara 3 mara 2 mara 1. Mama akasema yeye na kijana lazima wakae pamoja. Binti akahesabu kwa vidole, akasema basi zimebaki 12.

"Zinatosha," mama akasema, akapapasa benchi pembeni yake. "Njoo hapa, mume wangu."

Kijana akaja akakaa.